Nguzo ya Nyumba Ipi? Lengo la Ukombozi wa Mwanamke katika Nguzo Mama

Uhakiki wa tamthilia ya Penina Muhando, Nguzo Mama (1982), umezoea kuanza na swali moja: kwa nini wanawake wa kijiji cha Patata wanashindwa kuisimamisha nguzo? Jibu la kawaida ni utengano. Kuanzia Bi Moja hadi Bi Nane, kila mmoja anavutwa na lake, na kazi ya wote inakwama. Jibu hilo lina ushahidi katika matini, kwani mwandishi hafichi ugomvi wa wahusika wake. Hata hivyo, linachukulia kwamba lengo la ukombozi limekwisha kujulikana, na kilichopungua ni umoja tu.

Mkasa wa Bi Pili unaitilia shaka dhana hiyo. Baada ya kufiwa na mumewe, ananyang'anywa mali na ndugu wa marehemu. Sheria ya Ndoa ya 1971 ilikuwa imempa mke haki ya kumiliki mali, lakini haikugusa mirathi. Kwa jamii zinazofuata ukoo wa baba, Tamko la Sheria za Mila la 1963 lilimnyima mjane fungu katika urithi maadamu marehemu ameacha ndugu wa ukoo wake. Alichoachiwa ni kutunzwa na wanawe. Kwa hiyo, tamaa ya mashemeji haitoshi kuueleza mkasa huu: nyuma yake imesimama sheria.

Ukisomwa hivyo, msiba wa Bi Pili hauwi tena kisingizio kinachomtoa kazini. Ndio kazi yenyewe. Nguzo husimamishwa ili ibebe paa, na wanawake hawa wanahimizwa kuiinua kabla ya kuafikiana ni nyumba gani inayojengwa na nani atapata hifadhi ndani yake.

Tamthilia nayo ina mchango katika usomaji unaowalaumu. Kuwaita wahusika kwa nambari kunawafanya wawakilishe wengi, lakini kunarahisisha pia kuwahesabu kabla ya kuwasikiliza. Msomaji huona mikono minane isiyovuta pamoja, akasahau kuuliza kila mkono umeshikwa na nini.

Nguzo haisimami hadi mwisho. Hukumu ya tamthilia, basi, inaliangukia zaidi lengo lililotangazwa bila kutaja mirathi ya mjane kuliko wanawake walioshindwa kulitimiza.