Fundi wa Vyura

Rais Sim ni chura. Anakwenda kumtembelea rais mwenzake, anapokewa kwa heshima zote, na akirudi nyumbani anapinduliwa. Basi. Dakika kama 5 hivi na mambo yamekwisha. Moustapha Alassane wa Niger aliichora katuni hiyo mwaka 1966, mwaka uleule Rais Nkrumah wa Ghana alipong'olewa akiwa safarini Asia. Januari 1971 ikawa zamu ya Rais Obote wa Uganda, naye yuko mkutanoni Singapore. Wachambuzi wakaandika makala ndefu kueleza jambo ambalo chura alishalimaliza.

Alassane alianza kama fundi makanika, na naona umakanika haukumtoka. Kijana asiye na vifaa alijitengenezea sinema yake mwenyewe: maumbo ya kukata kwa mkono, taa, ukuta. Baadaye akakutana na mtengenezaji filamu Mfaransa Jean Rouch pale Niamey, kisha akaenda Kanada kwa Norman McLaren, bingwa aliyekuwa akichora moja kwa moja juu ya utepe wa filamu.

Kazi yenyewe haina huruma. Sekunde moja ya filamu inakula picha 24. Hata ukibana, kila mchoro ukaupiga picha mara mbili, bado unadaiwa michoro 12, na hapo chura wako labda amepepesa jicho tu. Kwa vikaragosi, kama wale wanyama wanaoshikana mieleka katika filamu yake *Kokoa* ya mwaka 2001, unasogeza goti kiduchu, unatoa mkono, unapiga picha, unarudisha mkono. Ukilegeza macho kidogo, kiwiko cha mpinzani kimehama bila ruhusa, na pambano zima linaanza upya. Ndiyo maana wanyama wa namna hii hutetemeka kidogo hata wakisimama. Mimi huupenda mtetemo huo kuliko ulaini wowote wa kompyuta. Ni mkono wa mtu huo, bado haujaondoka.

Siku hizi mteja anapiga simu jioni, anataka katuni ya tangazo asubuhi, na anaipata. Mhusika anateleza kama kapakwa mafuta, uso wake tumeshauona kwa sabuni, kwa benki na kwa dawa ya mbu. Hakuna aliyekaa naye hata siku moja akajiuliza anatembeaje.

Alassane alifariki Machi 2015. Filamu yake ya Gandji, ya mwaka 1965, hutajwa kuwa katuni ya kwanza kutengenezwa na Mwafrika kusini mwa Sahara. Waulize watoto wa nyumbani kwako katuni ya Afrika, watakutajia Simba wa Disney, ambaye hata jina lake ni la Kiswahili. Usiwagombeze. Runinga zetu hurusha katuni asubuhi na jioni, na aliyepaswa kuwawekea Sim katikati yake ni mtu mzima anayelipwa mshahara kwa kazi hiyo.