Rubani, Mmisionari, Mkaguzi

Ukiitaja Darwin's Nightmare kwa wazee wa Kirumba, jijini Mwanza, usitegemee sifa. Kwao ni ile filamu ya mapanki, yaani mabaki ya samaki waliotolewa minofu, iliyoichafua Mwanza. Mwaka 2006 iliwania tuzo ya Oscar, na mwaka huohuo Rais Kikwete akailaani hadharani. Nami nina ugomvi nayo, ila ufundi uliomo sijachoka kuutazama.

Hubert Sauper, Mwaustria aliyezaliwa mwaka 1966, aliiandika, akaiongoza na kushika kamera mwenyewe. Wazo alilipata mwaka 1997, alipokuwa akishughulikia filamu ya wakimbizi wa Rwanda waliokuwa Kongo. Katika uwanja wa ndege wa Mwanza, hapa Ilemela, aliona ndege mbili za mizigo: moja imeleta tani 45 za njegere za msaada kwa wakimbizi hao, nyingine inaondoka na tani 50 za samaki kwenda Ulaya.

Alirudi na kamera ndogo na mwenzake mmoja. Amewahi kueleza kwamba ili wapande ndege hizo walijifanya marubani na wapakiaji. Vijijini wakadhaniwa wamisionari, na viwandani mameneja wakahofu ni wakaguzi wa usafi kutoka Umoja wa Ulaya. (Urubani baadaye ukawa wa kweli: kwa ajili ya We Come as Friends, ya mwaka 2014, aliunda ndege ndogo akairusha kutoka Ufaransa hadi Sudan.)

Tazama anavyouliza. Swali ni moja: ndege hizi zinazokuja kuchukua minofu ya sangara, huja na nini? Anaambiwa huja tupu. Habishi. Anamuuliza mwingine, kisha mwingine, na kila jibu analiacha litulie. Mwishowe rubani mmoja anasimulia mwenyewe alivyopeleka vifaru Angola, akarejea Ulaya na zabibu za Johannesburg. Kwa kuwa muulizaji ndiye mpiga picha, rubani anazungumza na mtu, si na kundi la mafundi wenye taa. Ndivyo ilivyo pia kwa mlinzi wa usiku mwenye upinde na mishale ya sumu, anayeeleza bila haraka kwamba kazi aliipata baada ya aliyemtangulia kuuawa. Hakuna msimulizi anayetuambia tuhuzunike.

Ila hapohapo ndipo ugomvi wangu ulipo. Filamu isiyo na msimulizi hushtaki kwa mpangilio wa picha. Rubani alitaja Angola. Mtazamaji anatoka akiapa kwamba silaha zilishushwa Mwanza. Na mwalo wa Kirumba, wenye wachuuzi wanaopeleka dagaa hadi Kongo na akina mama wanaojua kupiga bei, haukupewa nafasi unayostahili. Mtu mwenye subira ya kumngoja rubani namna ile angeweza kuwangoja na hao.