Shahidi na Msimulizi katika Filamu za Henry Hampton

Yamkini ni watayarishaji wachache wa filamu za hali halisi waliojifunga kwa sharti gumu kama alilojiwekea Henry Hampton wa Marekani. Katika Eyes on the Prize, mfululizo ulioonyeshwa katika televisheni mwaka 1987 kwa sehemu sita na kuendelezwa mwaka 1990 kwa sehemu nane, wanaohojiwa ni wale waliokuwemo katika mapambano ya Weusi ya kudai haki zao, pamoja na baadhi ya waliowapinga. Wanahistoria walitoa ushauri wakati wa matayarisho. Kusimulia waliachiwa walioyaona.

Sharti hili lilitokana na maisha yake. Hampton, mzaliwa wa St. Louis ambaye polio ilimwachia ulemavu wa mguu, aliandamana Selma mwaka 1965. Mwaka 1968 aliunda kampuni ya Blackside mjini Boston. Jaribio lake la kwanza la kuitengeneza filamu hii lilivunjika, naye akahangaika kwa miaka kutafuta fedha.

Kwa upande wa fani, uamuzi huu ndio uliompa ushindi. Mtazamaji haelezwi woga. Anauona katika uso wa mtu anayesita kabla ya kutaja jina. Hata hivyo, tuitazame sehemu ya kwanza kwa makini. Inasimulia habari za Emmett Till, mvulana wa miaka 14 aliyeuawa Mississippi mwezi wa Agosti 1955. Yaliyotokea dukani yanaelezwa na jamaa yake mmoja kana kwamba aliyashuhudia. Baadaye ilibainika kuwa siku ile jamaa huyo alikuwa hajawasili kijijini Money. Simeon Wright, binamu aliyekuwepo, aliyakanusha maelezo yake. Sisi tunaofundisha fasihi simulizi tunajua kwamba fanani huweza kuyavaa ya wenzake akayatamka kwa nafsi ya kwanza, wala hatumwiti mwongo. Lakini Hampton hakutuahidi fanani. Alituahidi shahidi.

Na hapa pana kinaya. Msimulizi wa mfululizo mzima, Julian Bond, alikuwa miongoni mwa waanzilishi wa chama cha wanafunzi cha SNCC mwaka 1960, naye anasimulia kwa nafsi ya tatu, kwa sauti tulivu ya mtu aliye kando. Aliyekuwepo amejificha; asiyekuwepo amejitokeza. Nadhani sauti ya Bond ingemhoji shahidi, hata kwa sentensi moja, kazi ingepata nguvu zaidi.

Hampton alifariki mwaka 1998. Wakati huo filamu yake haikuweza kutangazwa tena, maana haki za kutumia picha na nyimbo zilizomo zilikuwa zimelipiwa kwa muda tu, na muda huo ulikwisha. Ilirudi katika televisheni mwaka 2006. Mashahidi walitoa maneno yao. Picha zilizoyazunguka zilikuwa za kukodi.