Ndoto Isiyohitaji Moshi

Katika filamu zetu nyingi za siku hizi, ndoto hutambulika kwa moshi. Picha inafifia, kinanda kinalia, mtu anakurupuka kitandani akihema. Na mlevi? Anapepesuka, anaangusha kiti, watazamaji wanacheka, basi. Inasikitisha, maana ufundi wa kuonyesha mambo haya ulikwishafika mbali.

Mwaka 1985 Nangayoma Ng'oge na Ron Mulvihill walitoa *Arusi ya Mariamu*, filamu fupi isiyofika hata saa nzima. Mariamu anaumwa, hospitali haimponyi, naye anaogopa waganga tangu utotoni. Hofu ya zamani imejichimbia ndani ya maradhi ya leo.

Kisha Mulvihill akashirikiana na Martin Mhando kutengeneza *Maangamizi*, filamu ya kwanza ya Tanzania kupelekwa kuwania Oscar, mwaka 2001. Samehe, anayeigizwa na Amandina Lihamba, amelazwa katika hospitali ya wagonjwa wa akili na amenyamaza miaka 20. Bibi wa kale anayemjia si kivuli wala ukungu. Ana uso, ana sauti, anaingia kama jirani aliyepita kusalimu. Huo ndio ufundi wenyewe: kisichowezekana kuonyeshwa kwa utulivu, bila kumkonyeza mtazamaji.

Anayetaka ulevi, ndoto na miiko katika filamu moja angepanda milima ya Uluguru, Morogoro. Huko watu hufuata ukoo wa mama, na pombe ya tambiko haikuwa ya kukata kiu. Mizimu ilimiminiwa kwanza, ndipo walio hai wakapokea kata. Aliyelewa hapo alilewa mbele ya wajomba zake, na mbele ya marehemu wao pia. Kamera ingewaacha walevi na miguu yao, ikakaa kwenye macho ya wanaowatazama! Kuna pia Kolelo, pango la joka ambalo watu walilifuata kutoka hata Uzaramo, kuomba mvua, kabla ya Vita vya Maji Maji vya 1905. Hadithi hiyo haihitaji kuongezewa ajabu hata chembe.

Lakini pombe imehamia vilabuni, ambako kila mwenye hela hununua na kunywa atakavyo, na wazee waliojua taratibu zake wanakwisha. Kamera nyingi zinazopanda Morningside, huko huko Uluguru, hufuata mandhari na maharusi, kisha hushuka mjini kabla ya giza. Ni wachache wanaoketi na wazee hao kuwauliza, mizimu ikishapata yake, kata inayofuata ni ya nani, na kwa nini.