Siri ya Mtungi Aijuaye Kata: Sauti ya Mtumishi katika Maandishi ya Jikoni, Enzi ya Malkia Victoria

Mwalimu mwenzangu, nawe mtahiniwa, tunapohakiki riwaya huwa hatukosi kuuliza maswali matatu: Nani anasema? Anamwambia nani? Na nani amenyimwa nafasi ya kusema? Ajabu ni kwamba tukipewa maandishi yasiyoitwa fasihi, kama vile kitabu cha mapishi au shajara, maswali hayo tunayaweka kando. Makala haya yanadhamiria kuonyesha kuwa maswali yayo hayo yanafaa huko pia. Mfano wetu ni jikoni mwa Uingereza wakati wa Malkia Victoria, aliyetawala kuanzia 1837 hadi 1901. Tutasoma maandishi matatu yaliyotoka katika moshi mmoja: mwongozo, hadithi na shajara.

Tuanze na mwongozo. Mnamo 1861, Isabella Beeton alichapisha mjini London kitabu kiitwacho Book of Household Management. Kabla ya hapo kilikuwa kimetoka vipande vipande kila mwezi tangu 1859. Ni kitabu kinene cha kurasa zaidi ya elfu moja, na humo mna mapishi, malezi, dawa na kazi za watumishi. Msomaji asiyejua historia yake humdhania msemaji kuwa mama mtu mzima aliyebobea katika upishi. Sivyo. Beeton alizaliwa 1836, akaanza kazi hiyo akiwa na umri wa miaka ishirini na kitu, na akafariki 1865 akiwa na miaka 28. Isitoshe, mapishi mengi aliyachota kwa waliomtangulia, akiwemo Eliza Acton ambaye kitabu chake kilitoka 1845. Hapa pana funzo la kwanza kwa mtahiniwa: usimchanganye mwandishi na nafsi inayosema. Sauti ya mama mwenye uzoefu ni sauti iliyobuniwa, kama ilivyo sauti ya msimulizi wa riwaya.

Sasa tuitazame lugha yenyewe. Mapishi huandikwa kwa vitenzi vya amri: osha, menya, chemsha, chuja. Kitenzi cha amri kina "wewe" aliyefichika ndani yake. Je, "wewe" huyo ni nani? Katika nyumba nyingi za tabaka la kati, aliyenunua kitabu na kukisoma ni bibi mwenye nyumba, ilhali aliyemenya na kuchemsha ni mpishi au kijakazi. Kwa hivyo "wewe" wa Beeton amepasuka pande mbili: mmoja anaambiwa, mwingine anatenda. Beeton anaagiza karoti kubwa zichemshwe kwa muda wa saa moja na dakika 45 hadi saa mbili na robo. Muda huo wote kuna mtu aliyesimama mbele ya jiko la chuma, akilisha moto makaa ya mawe aliyoyabeba mwenyewe. Sentensi haimtaji.

Aidha, zingatia kinachohesabiwa na kisichohesabiwa. Beeton anasifiwa, na kwa haki, kwa mpangilio wake: vipimo vya viungo, muda wa kupika, gharama, idadi ya watakaoshiba, na msimu unaofaa. Hata hivyo, gharama hiyo ni ya vyakula. Saa za mpishi hazimo. Ujira umetengwa mahali pengine kitabuni, katika orodha ya watumishi: mpishi pauni 14 hadi 30 kwa mwaka, kijakazi wa kazi zote pauni 9 hadi 14, na msichana wa kuosha vyombo pauni 5 hadi 9. Kwa kutenganisha bei ya chakula na bei ya mkono uliokipika, kitabu kinamfanya msomaji aone sahani bila kuona jasho. Huo ni mtindo unaozaa maudhui, wala si bahati nasibu.

Hata hivyo, mhakiki mwadilifu hasomi upande mmoja tu. Anapofika kwa kijakazi wa kazi zote, yaani yule aliyekuwa peke yake nyumbani akipika, akifagia, akisugua ngazi na kung'arisha viatu, Beeton anasita. Anakiri kuwa huyu ndiye hasa anayestahili kuhurumiwa, kwamba maisha yake ni ya upweke na kazi yake haiishi, na kwamba huenda ameanza akiwa msichana wa miaka 13 tu. Kisha anaongeza kuwa msichana mchangamfu atapata wasaa wa kushona nguo zake mwenyewe iwapo anaishi na watu waungwana. Neno "iwapo" ndilo la kupigiwa mstari. Kitabu kilichojaa amri kwa mtumishi hapa kinageuka na kutia shaka juu ya mwajiri. Ufa kama huo ndio mlango wa mhakiki.

Maandishi ya pili ni riwaya. Katika The Old Curiosity Shop (1840-1841), Charles Dickens anatuonyesha mtumishi mdogo katika nyumba ya mwanasheria Sampson Brass na dadaye Sally. Anaishi jikoni chini ya ardhi, chakula kinafungiwa, naye hupimiwa kipande kidogo cha nyama baridi. Hana jina wala hajui umri wake. Huwachungulia watu kupitia tundu la kitasa. Ni Dick Swiveller, karani wa hapo, anayembandika jina la "Marchioness", yaani mke wa mkabaila mkubwa. Kinaya hicho kinachekesha, lakini kinatudhihirishia dhamira: asiye na kitu amepewa jina la aliye na vyote. Baadaye msichana huyu ndiye anayemuuguza Dick, na siri alizozisikia tunduni zinasaidia kufichua njama ya waajiri wake. Mhusika aliyedhaniwa mdogo anashikilia ufunguo wa msuko. Lakini tusisahau kwamba hata hapa ni Dickens anayemsemea, na ni mwanamume anayemwita jina.

Je, mtumishi mwenyewe aliwahi kushika kalamu? Naam. Hannah Cullwick alizaliwa 1833 huko Shropshire, akaanza utumishi akiwa na umri wa miaka minane. Kuanzia 1854 hadi 1873 aliandika shajara. Humo hakuna vitenzi vya amri bali vya nafsi ya kwanza vinavyofuatana kama pumzi: aliwasha moto, akasugua ngazi kwa magoti, akang'arisha viatu na kuhesabu jozi zake, akapika, akaosha vyombo, akalala amechoka. Linganisha na Beeton. Kazi ni zile zile, ila sasa kitenzi kina mwenyewe. "Chemsha" imekuwa "nilichemsha", na badiliko hilo dogo la sarufi limemrudisha mtu jikoni.

Pamoja na hayo, tusikimbilie kusema kuwa sasa tumepata ukweli mtupu. Cullwick aliandika kwa ombi la Arthur Munby, bwana wa tabaka la juu aliyevutiwa mno na wanawake wa kazi za sulubu. Ndiye aliyekuwa msomaji wake. Walioana kwa siri 1873, na hata baada ya hapo Hannah aliendelea kuonekana machoni pa watu kama mtumishi nyumbani mwa mumewe. Nafsi ya kwanza nayo ina hadhira, na hadhira huathiri kinachosemwa. Tena, Hannah hakuwa wa kulia tu: alijivunia nguvu zake na kazi yake. Mtahiniwa anayemchora mtumishi kama mnyonge tu anamnyang'anya utu kama alivyofanya mwajiri.

Huenda mwalimu akauliza: Haya ya London yanatuhusu nini sisi wa Kiswahili? Kumbuka kuwa lugha yetu nayo iliwahi kufundishwa kwa mizani ya amri. Mnamo 1936 F. H. Le Breton alitoa kitabu cha mazoezi ya Kiswahili cha bara, na jina lake lenyewe linataja walengwa: askari, mlowezi, mchimba madini, mfanyabiashara na wake zao. Lahaja ya Kisetla ilikua katika mazingira hayo ya bwana na mtumishi. Ukijua hivyo, utaelewa kwa nini mhusika anayesema "lete" bila "tafadhali" anastahili aya nzima ya uhakiki.

Basi, unapokutana na yaya, mpishi au shamba boi katika kitabu kilichoteuliwa, usiandike "ni mhusika mdogo" ukahamia kwingine. Kwanza, orodhesha vitenzi vyake: anatenda nini, na nani ametajwa kuwa mtenda? Pili, bainisha anaitwaje na nani aliyemwita hivyo. Tatu, chunguza ni lini anasema kwa kauli yake mwenyewe na anamwambia nani. Nne, tafuta ufa, yaani mahali ambapo sauti inayotawala inajisaliti. Kila hoja itolee mfano. Majibu ya namna hiyo huonyesha kuwa umesoma kwa jicho lako.

Ipo sababu nyingine iliyo juu ya alama za mtihani. Miongoni mwa wanafunzi walio mbele yako, mwalimu, wapo ambao mama zao huamka alfajiri kuwasha moto katika nyumba za wengine. Wanapomsikia mwalimu akimpita mtumishi wa kitabuni kwa sentensi moja, wanajifunza jambo ambalo halimo katika silabasi. Wahenga walinena kuwa siri ya mtungi aijuaye kata. Kazi ya mhakiki ni kuiuliza kata, kisha kunyamaza na kusikiliza.