Mzee Anayejua Kusikiliza

Singida walimwita King Majuto, na wengi hawakuwahi kulijua jina halisi la mwigizaji huyo wa vichekesho, Amri Athumani. Kwenye vibanda vya video, iwe mjini karibu na stendi au kule Kiomboi ambako jenereta lilinguruma nyuma ya ukuta, kijana aliyeweka diski hakuwa na haja ya kutangaza sana. Ilitosha kusema leo kuna ya Majuto.

Mzee huyu alizaliwa Tanga mwaka 1948, na Kiswahili chake kilikuwa cha pwani tupu, chenye mafumbo na kejeli za barazani. Watazamaji wake huku ni Wanyaturu na Wanyiramba, watu wa alizeti, mtama na ng'ombe, bahari wanaisikia tu. Lakini baba bahili wanamjua. Mzee anayemkagua mchumba wa bintiye kwa jicho la pembeni, huyo yupo Ikungi huku Singida kama alivyo Pongwe kule Tanga. Majuto alimchukua mtu wa aina hiyo, ambaye filamu nyingi humpitisha mlangoni na kumsahau, akamfanya ndiye anayesubiriwa.

Alianza kupanda jukwaani akiwa mtoto, mwishoni mwa miaka ya 1950. Zanzibar ilipata televisheni miaka ya 1970, lakini Bara ilisubiri hadi mwaka 1994, Majuto akiwa ameshavuka miaka arobaini. Kwa hiyo kamera ilimkuta amekwisha kufundwa na hadhira ya ana kwa ana, ile inayoguna, inayozomea, inayoinuka na kwenda zake kichekesho kikichuja. Katika maigizo ya namna hiyo wasanii hukubaliana kisa, maneno mengine huyapata hukohuko jukwaani. Asiyejua kumsikiliza mwenzake huumbuka.

Kusikiliza huko ndiko ufundi wake mkubwa. Mtazame akiwa na Sharo Milionea, yule kijana wa mbwembwe aliyefariki kwa ajali ya gari Muheza, Novemba 2012. Sharo anaongea, anajitingisha, anajisifu. Majuto hana haraka ya kumjibu. Anampandisha macho kutoka viatuni hadi kichwani, taratibu, midomo ameibana, kisha anageuza uso pembeni kana kwamba anatafuta shahidi. Watu wanaanza kucheka hapo, neno bado halijatoka. Ni ukarimu pia, maana ule utulivu wa mzee ndio unaoufanya usharobaro wa kijana uonekane wote.

Waingereza humsifu mwigizaji wao Alec Guinness, na wana haki: katika filamu ya Kind Hearts and Coronets ya mwaka 1949 aliigiza watu wanane wa ukoo mmoja, mwanamke akiwamo. Majuto alishika njia nyingine, nayo naiona ngumu vilevile. Alibaki na sura ileile na sauti ileile, na bado bahili wa filamu hii hakuwa yule mlaghai wa filamu ile. Tofauti ilikuwa ndani, katika mwendo, katika namna ya kupokea salamu, katika muda anaouacha kabla ya kusema uongo.

Kipaji hicho hakikulindwa kama kilivyostahili. Mwaka 2018, alipokuwa mgonjwa, suala la mikataba yake ya kazi lilifika hadi kwa Waziri Harrison Mwakyembe, aliyeunda kamati ya kupitia mikataba ya wasanii. Majuto alitibiwa India, akarudi, akafariki Muhimbili tarehe 8 Agosti mwaka huohuo. Alizikwa nyumbani Tanga.

Sasa diski zinakwisha. Kwenye simu za vijana wa Singida vinazunguka vipande vifupi tu, bila jina la filamu wala la aliyetunga kisa, na mara nyingi mkataji ameondoa ule ukimya kabla ya neno ili kuwahi kicheko. Anayetaka kujifunza kazi hii anahitaji filamu nzima. Nakala bado zipo, kwenye makabati ya sebuleni na kwa wenye vibanda vya zamani, na zingeweza kukusanywa leo.