Makavazi ya Kusadikika yamo kifuani mwa Karama

Juma lililopita mwanafunzi mmoja hapa Eldoret aliniuliza swali ambalo halijaniondoka kichwani. Tulikuwa tukijadili Kusadikika, riwaya ya Shaaban Robert iliyochapishwa mwaka wa 1951. "Lakini mwalimu," akasema, "huyu Karama aliyajulia wapi hayo yote? Si yeye hakusafiri popote?" Wenzake wakaangua kicheko. Nami nilicheka, kisha nikagundua kwamba sina jibu.

Kwa faida ya msomaji ambaye hajaisoma, Kusadikika ni nchi ya kubuni inayoelea angani. Karama anashtakiwa na Waziri Majivuno kwa kosa la kufundisha uanasheria. Badala ya kuomba radhi, anajitetea kwa kusimulia habari za wajumbe sita: Buruhani, Fadhili, Kabuli, Auni, Ridhaa na Amini. Hawa walitumwa pande nne za dunia, mbinguni na ardhini ili walete maarifa ya kuifaa nchi yao. Kila mmoja alirudi na alichojifunza, na kila mmoja akaishia kifungoni.

Wahakiki wengi, nami nikiwemo, tumezoea kuisoma riwaya hii kama istiara ya utawala wa kikoloni. Usomaji huo si kosa. Ila unatufanya tuwahurumie wafungwa na kusahau kilichofungwa pamoja nao, yaani ripoti zao. Kusadikika ina hazina ya maarifa kutoka kila upande wa ulimwengu, na hazina hiyo haina rafu wala kabati. Imo kifuani mwa mshtakiwa mmoja. Anaposimama kizimbani, mahakama inageuka kuwa chumba cha kusomea nyaraka zilizopigwa marufuku.

Tuangalie msamiati wetu. Hapa Kenya tunasema makavazi. Jijini Dar es Salaam kuna Kavazi la Mwalimu Nyerere. Tuna pia nyaraka na maktaba, maneno yenye harufu ya karatasi na wino. Lakini tuna makumbusho, linalotokana na kitenzi kukumbusha. Neno hili halitaji karatasi wala jengo. Linataja tendo la mtu kumfanya mwenziwe akumbuke. Kwa maana hiyo, Karama ndiye makumbusho ya Kusadikika.

Ukiisoma riwaya hivyo, hata dosari yake inayolalamikiwa darasani inapata maelezo. Wanafunzi huniambia kwamba visa vyake vinachosha: mjumbe anatumwa, anataabika, anajifunza, anarudi, anafungwa. Halafu tena, na tena. Ni kweli, na sitawadanganya kwamba sijawahi kuruka kurasa. Lakini takriri hiyo ndiyo nyenzo ya msimuliaji asiye na daftari. Mifupa ya kisa ikiwa ileile, kinachobaki kukaririwa ni nyama yake tu. Fanani wa ngano anaijua mbinu hii tangu jadi.

Linganisha na Nagona (1990) ya Euphrase Kezilahabi. Humo pia tumo katika ulimwengu usio na ramani, na mhusika mkuu anafika katika mji wa ukimya ambako anawakuta wanafikra wakubwa wa Ulaya. Maarifa yapo tele, ila sauti haipo. Mhusika hawezi kukaa humo. Safari yake inaendelea, na riwaya inaelekea kwenye Ngoma Kuu. Shaaban anatupa maarifa yasiyo na jengo lakini yanayosema. Kezilahabi anatuonyesha maarifa yaliyojaa mji mzima yakawa bubu.

Haya si mambo ya angani tu. Katika ramani za walowezi, mahali mji wetu uliposimama palikuwa shamba nambari 64. Mwaka wa 1912 mji ukapewa jina Eldoret. Nambari ingebaki kufia kwenye faili, ila midomo ya watu iliichukua ikaifanya Sisibo, na mpaka leo tunaiita hivyo. Kumbe ulimi nao huhifadhi kumbukumbu.

Lakini nisiutukuze ulimi kupita kiasi. Miaka mingi iliyopita nilirekodi ngano za nyanya yangu kwenye kanda nane. Nikazipeleka katika ofisi moja zihifadhiwe, nikarudi nyumbani nimetulia. Niliporudi kuziulizia, hakuna aliyejua zilikokwenda. Nyanya alikuwa ameshafariki. Leo ninazo ngano mbili tu, zile nilizokuwa nikiwasimulia wanangu kabla ya kulala. Zile nyingine sikujisumbua kuzikariri, maana nilidhani zimo kwenye kanda.

Hapo ndipo nilipoanza kumwelewa Majivuno. Riwaya inaanza na mashtaka, kwa hivyo hatumwoni Karama akiyakusanya masimulizi yake. Tunachojua ni kosa lake: alifundisha. Mtu mmoja mwenye kumbukumbu anaweza kunyamazishwa na hukumu moja, na ripoti sita zikazikwa naye. Mwalimu mwenye wanafunzi ni jambo jingine. Kila mwanafunzi ni nakala. Waziri alielewa kazi ya makavazi kuliko sisi tunaoyahakiki.

Basi jibu langu kwa yule mwanafunzi ni hili: Karama aliyajulia kwa watu, kwa kuuliza kama ulivyoniuliza wewe, na hakuyafungia kifuani. Darasa letu lijalo tutakuja bila vitabu. Kila mmoja atasimulia habari za mjumbe mmoja kwa kichwa, na jirani yake azirudie. Nami nitaanza na ngano mbili za nyanya.